Barua ya wazi kwa Waziri wa Utamaduni na Sanaa: Tuulize kazi imepatikanaje

Mheshimiwa Waziri,

Salamu, na pole na majukumu. Sitaji nchi katika barua hii kwa sababu kiti ulichokalia kipo karibu kila serikali, na waraka ninaotaka tuuzungumze unafanana popote: ule mwongozo unaoamua ni kazi gani ya sanaa ipewe fedha za umma, itundikwe makumbusho au isimamishwe uwanjani. Mara nyingi ndani yake kuna sharti kwamba kazi iwe nzuri na izingatie maadili. Mambo mawili yamefungwa kamba moja, na kamati huyapima yote kwa kutazama tu. Kazi ikichukiza macho, inaambiwa haina maadili. Ikipendeza, inapita, na hakuna anayeuliza imepatikanaje.

Mimi ni mchoraji wa sura za watu. Ninakuomba uyatenganishe mambo hayo. Uzuri tuachie sisi watazamaji tuubishanie, na nguvu ya ofisi yako iende kwenye swali moja: mtu aliyemo ndani ya kazi ametendewaje?

Tuchukue picha ambayo bila shaka umewahi kuiona. Machi 1936, Dorothea Lange, mpigapicha aliyekuwa akilipwa na idara ya serikali ya Marekani, aliingia kambi ya vibarua wa kuvuna njegere huko Nipomo, California, akamkuta mama wa miaka 32 ameketi ndani ya hema na wanawe. Mama amegusa shavu kwa ncha za vidole, paji limekunjamana, macho yanatazama mbali. Watoto wawili wamemwegemea mabegani na kugeuza nyuso, kichanga kimelala mapajani. Ni picha nzuri mno, na katika hilo sina ubishi.

Sasa tazama chini, pembe ya kulia. Hapo palikuwa na kidole gumba kilichoshika mti wa hema. Lange alikiona kinaharibu mpangilio wa picha, na baada ya miaka michache akaagiza kifutwe kwenye negativu. Ukilinganisha chapa za mwanzo na za baadaye utaona tofauti, ingawa kivuli chake hakikutoka chote. Jina la mama nalo halikuandikwa popote, kwa kuwa Lange, kwa kauli yake mwenyewe, hakumuuliza jina wala habari za maisha yake.

Jina lilikuja kujulikana mwaka 1978: Florence Owens Thompson, mwenye asili ya Wacherokee, kabila la wenyeji asilia wa Marekani. Picha ilikuwa imezunguka dunia kwa miaka zaidi ya 40. Yeye hakuwa amepata hata senti, na alisema wazi kwamba anatamani isingepigwa. Lange naye hakutajirika kwayo, maana ilikuwa mali ya serikali na haikuwa na mrabaha. Picha zilipotoka gazetini, chakula cha msaada kilipelekwa kambini. Familia ya Thompson ilikuwa imeshaondoka.

Simtafuti mkosaji, Mheshimiwa. Lange alikuwa na huruma ya kweli, na kazi yake iliwafumbua watu macho. Ninachokuonyesha ni kwamba picha hii, ikiletwa leo mbele ya kamati yenye mwongozo wa kawaida, ingepita ndani ya dakika moja: inapendeza, haina uchi, haina matusi, inaamsha huruma. Mwongozo mzima usingekuwa na mahali pa kuandika kwamba mwenye sura hakuulizwa hata jina lake, wakati serikali ndiyo iliyolipia kazi.

Kupima uzuri kwa mkono wa serikali kumejaribiwa, na tunajua kuliishia wapi. Tarehe 18 Julai 1937, mjini Munich, utawala wa Hitler ulifungua maonyesho makubwa ya sanaa uliyoiita ya Kijerumani: miili iliyonyooka, mashamba safi, familia zenye afya. Kesho yake, hatua chache kutoka hapo, ulifungua maonyesho mengine ya kazi zipatazo 650 zilizonyang'anywa makumbusho ya umma, zikapachikwa kwa kusongamana, na kejeli zikaandikwa ukutani ili watu wazicheke. Zilikuwamo kazi za wachoraji Paul Klee, Wassily Kandinsky na Ernst Ludwig Kirchner. Zaidi ya watu milioni mbili walikwenda kuziona. Kirchner alijiua mwaka uliofuata.

Utawala huohuo ulikuwa na mtengeneza filamu wake aliyesifiwa kwa jicho la uzuri, Leni Riefenstahl. Katika miaka ya vita alipiga filamu iliyohitaji watu wenye sura za kusini, wa kujaza mandhari. Wakachukuliwa Wasinti na Waroma, jamii ndogo za Ulaya zilizoteswa na utawala huo, watoto wakiwemo, kutoka kambi walimofungiwa za Maxglan karibu na Salzburg na Marzahn mjini Berlin. Wengi wao baadaye walipelekwa kambi ya mauaji ya Auschwitz. Filamu ilioneshwa mwaka 1954, na nyuso zao zimo. Kisha mama huyohuyo akaja Sudan kuwapiga picha Wanuba, na picha hizo zikasifiwa kwa uzuri huku wengi wakiyapita kimya yale ya nyuma. Funika kombe mwanaharamu apite. Zile picha za akina Kirchner zilizoitwa uchafu hazikumpeleka mtu yeyote kambini.

Hata ladha yenyewe haitulii. Mwaka 1887 wasanii na waandishi wakubwa wa Paris, Charles Gounod na Guy de Maupassant wakiwemo, walitia saini barua ya wazi kwa ofisa wa maonyesho ya dunia wakipinga mnara wa Eiffel, kwamba ni dude la kutisha lisilo na faida. Walikuwa watu wenye macho yaliyofundwa, nao walikosea. Sidhani kamati yako ina macho makali kuliko yao.

Najua upande wa pili wataniambia wenzangu: basi mwache msanii huru, maadili yakae nje ya mlango. Hapo nami siko nao. Mwaka 2000, mjini Salamanca, msanii Santiago Sierra aliwalipa wanawake wanne waliokuwa wakiuza miili yao na waliokuwa waraibu wa heroini, kila mmoja bei ya kete moja ya dawa hiyo, wakubali kuchorwa tatuu ya mstari mmoja unaopita migongoni mwao wote, urefu wa sentimita 160. Alitaka kuonyesha jinsi shida inavyomfanya mtu auze chochote. Ninaamini ndiyo ilikuwa nia yake, na jambo alilolisema ni kweli. Lakini alilisema kwa kulitenda. Video imehifadhiwa makumbusho, na mstari umebaki kwenye ngozi. Mtu mwenye arosto akisema "ndiyo" mbele ya pesa ya kete, hiyo "ndiyo" yake haina uzito wa kusimamishia kazi ya sanaa. Nisingetaka video hiyo ipigwe marufuku, inatufundisha mengi. Ningetaka tu kwamba pasiwe na ofisi ya umma itakayotoa fedha ili jambo kama lile litendwe tena.

Na hata pasipo shida ya namna hiyo, ridhaa ni jambo gumu kuliko fomu ya kutia saini. Mtu akija kuketi nimchore, nusu saa ya kwanza ananipa sura aliyoiandaa nyumbani: kidevu juu, midomo imebanwa, mgongo umenyooka. Kisha anachoka. Mabega yanashuka, macho yanaanza kufikiri mambo yake, na pembeni mwa mdomo panatokea kitu ambacho pengine hata nduguze hawajakiona. Mchoraji yeyote anaijua saa hiyo, maana kazi inazaliwa hapo. Ila alichokubali asubuhi ni kuchorwa ile sura ya kwanza. Hii ya pili hakuniahidi. Ndiyo maana kwangu picha haitoki chumbani kabla hajaiona yeye, akiwa peke yake, na akisema hapana inabaki hapana, hata kama ndiyo bora niliyowahi kuchora. Inauma. Lakini nisingeweza kumtazama usoni kwa njia nyingine.

Kwa hiyo naomba mwongozo uachane na neno uzuri kama sharti la fedha, na usitumie maadili kama fimbo ya kuchapia kazi zenye uchi, huzuni au hasira. Badala yake, kila kazi inayobeba sura, mwili au msiba wa mtu aliye hai ije na maelezo: alijua inakwenda wapi, alikuwa katika hali ya kuweza kukataa, ameiona ilipokamilika, na kama ikiuzwa yeye anapata nini. Msanii mwadilifu atayajaza bila jasho. Asiyeweza kuyajaza, hajafungiwa, ila asilipwe na umma. Kwa waliokufa mambo ni magumu zaidi, na hapo ningependa wazao wao wasikilizwe, ingawa sidhani neno lao liwe la mwisho kila mara.

Swali hilohilo liulizwe kwa picha zinazotengenezwa na akili unde (AI), ambazo ofisi za serikali zimeanza kuzibandika kwenye mabango kwa kuwa ni rahisi na zinang'aa. Programu hizo zimefunzwa kwa mabilioni ya picha zilizozolewa intaneti. Mkusanyiko mmoja tu uliotolewa mwaka 2022, LAION-5B, una viungo vya picha zaidi ya bilioni tano. Waliochora na waliochorwa hawakuulizwa. Bango la wizara inayolinda wasanii lisianzie hapo.

La mwisho halihitaji sheria mpya. Katika ghala za makumbusho zilizo chini ya wizara yako zimo picha na sanamu ambazo kibao chake kinasema "mwanamke asiyejulikana", "mtoto wa kijijini" au "kibarua". Jina la msanii lipo, mwaka upo, aina ya rangi iliyotumika ipo. Toa fungu dogo katika bajeti ijayo, watumwe watu wakaulize huko kazi hizo zilikotoka, wakianza na zile za miaka 60 hivi iliyopita, kwa kuwa wanaowakumbuka wenye sura hizo wamezeeka. Kila jina litakalopatikana, kibao kibadilishwe.

Wako mtiifu,

Mchoraji