Simu ya Jana isiishie kwenye kangomba

Mhariri, salaam nyingi kutoka Mikindani.

Nimesoma ile hadithi ya Simu ya Jana mliyoitoa kwenye ukurasa wa hadithi, nimeisoma mara mbili, na mara ya pili nilimsomea bibi kwa sauti maana macho yake saivi hayashiki tena herufi ndogo, na imetugusa wote wawili ndo maana naandika. Kwa ambao hawajaisoma, fundi redio mmoja wa Mtwara mjini anaunganisha simu ya kitochi na mabaki ya redio kolu, anapata mtambo wa kutuma meseji siku za nyuma na kwenye dunia pacha, yaani Mtwara nyingine kama hii hii ila mambo yake yameenda tofauti kidogo. Meseji ni herufi 160 tu, ukizidisha inakatika. Sa huyu fundi na mtambo wote huo anafanya nini? Anajitumia bei ya mnada wa korosho kabla mnada haujafanyika, halafu anazunguka vijijini na bakuli kununua kangomba, yaani korosho zikiwa bado mtini, kwa wazee wenye shida, mwisho wa hadithi ana Noah na nyumba ya bati la msauzi.

Hapo ndo naomba niseme. Kangomba imetuumiza watu wa huku, mtu anakuja kwako mikorosho bado ina maua na mtoto ndani anaumwa, anakupa hela kidogo kwa hesabu ya bakuli, Oktoba ikifika mzigo unaokota wewe lakini si wako. Babu yangu alikwenda hivo misimu miwili. Kwa hiyo kumfanya huyu fundi shujaa sikupenda, ila hata ukiacha hilo hadithi ina kosa lingine kubwa ndani yake, na kosa lenyewe likirekebishwa hadithi inakuwa nzuri mara kumi.

Kosa ni hili. Mwandishi mwenyewe ametuambia kuna dunia pacha. Wazo hilo halikuanzia vijiweni, Mmarekani Hugh Everett alilitoa mwaka 1957 kwenye fizikia, kwamba pale ambapo jambo linaweza kwenda huku au kule basi linakwenda kote kuwili, kila moja na dunia yake. Kwa Everett hizo dunia haziongei, hapo mwandishi kabuni na ndo kazi yake, sina neno. Lakini ukishakubali dunia pacha, basi meseji uliyotuma jana haikubadilishii jana yako wewe. Jana yako imeshapita, wewe umeshaiishi. Meseji inaingia kwenye jana ya Mtwara ile nyingine, anayepata faida ni fundi wa kule, wewe wa huku unabonyeza kitufe, unakaa unasubiri, unaangalia mfukoni, hakuna kitu. Unabaki na vocha iliyoisha! Sa nani atatuma? Atatuma mtu anayetaka wengine wapone, watu ambao hatawaona mpaka anakufa. Hiyo ndo hadithi niliyokuwa naingoja.

Na mfano tunao hapa hapa. Aprili 2019 kimbunga Kenneth. Wiki sita nyuma yake kimbunga Idai kilikuwa kimeipiga Beira kule Msumbiji, watu wameona picha kwenye simu, kwa hiyo tangazo liliposema Kenneth anakuja upande wetu hakuna aliyecheka. Bibi alikuwa bado anakaa Msangamkuu, nikavuka na kivuko kumfata, akagoma kutoka kwa sababu ya kuku wake saba, tumebishana pale uani mpaka nikamfunga wale kuku miguu mmoja mmoja nikawatia kwenye tenga. Tumefika Naliendele kwa mjomba jioni ndo anakumbuka dawa za presha kaziacha juu ya kabati. Usiku hakulala, mkono kashika kifuani, na mimi namwangalia yeye siangalii paa. Paa halikung'oka. Alhamisi tarehe 25 Kenneth akapinda akatua Msumbiji, ng'ambo ya Ruvuma kule Cabo Delgado, akaua watu na kulaza nyumba chini, na wale wa kule tunasema nao Kimakonde, wengine ni ndugu zetu kabisa.

Sisi tuliporudi nikasikia watu wanasema tumedanganywa, tumehamishwa bure. Iliniuma na mpaka leo inaniuma, maana watabiri wenyewe hawatazami dunia moja. Mtaalamu wa hali ya hewa wa Marekani, Edward Lorenz, mwaka 1961 aliingiza kwenye kompyuta 0.506 badala ya 0.506127, akadhani vijidesimali vile havina maana, hali ya hewa iliyotoka ikawa nyingine kabisa. Tangu hapo wakajifunza kutopiga hesabu moja, kile kituo cha Ulaya cha utabiri wa hali ya hewa kinapiga mara 51, kila mara wanabadilisha mwanzo kidogo tu, unapata vimbunga 51 kwenye ramani vinaelekea huku na kule. Kile kilichopiga Msumbiji ndo tulichokiishi sisi. Vile ambavyo havikupinda vikaja kwetu, kwa mujibu wa hadithi yenu, kuna watu waliviishi. Msangamkuu yao ilikuwa chini ya maji. Na kuna bibi kule.

Najua mtu atasema mtambo hauwezi kupiga nyuma kuliko siku ulipotengenezwa, kama simu isiyo na simu ya kupokea. Mwanafizikia Mwingereza Stephen Hawking aliandaa karamu ya wasafiri wa wakati mwezi Juni 2009, kadi za mwaliko akazitoa baada ya karamu kwisha, hakuja mtu hata mmoja, na jibu ambalo watu hulitoa ni hilo hilo la kwamba mtambo wenyewe ulikuwa haujatengenezwa bado. Sawa, basi mwandishi aseme fundi wa Mtwara ile aliwahi kuutengeneza wake mwaka 2018, neno moja tu linatosha.

Kwa hiyo mhariri namuomba mwandishi kupitia kwako, aendeleze hadithi. Noah auze, arudi kwenye kibanda chake, ajue kabisa kwamba hatapata chochote na hatajibiwa, na atume. Kama atakosa cha kuandika, mimi na bibi tumeshamwandikia, tumehesabu herufi pamoja na nafasi na inaingia kwenye 160:

"Kenneth anakuja kwenu, hapindi. Tokeni Msangamkuu leo asubuhi kabla kivuko hakijasimama. Kuku waacheni. Dawa za bibi ziko juu ya kabati."

Msomaji wenu,
Mikindani, Mtwara