Injera au Kayange, tumalize hii kesi

Sasa buda,

Meseji yako niliisoma nikacheka peke yangu. Swali letu ni nani bora kati ya ndugu wawili wa raga ya wachezaji saba ya Kenya, Collins Injera na Humphrey Kayange, na wewe unasema ati Injera alikuwa na bahati tu, ati hata rekodi yenyewe ya dunia ya trai ilikaa mwaka mmoja hivi ikachukuliwa na Mwingereza kwa hivyo tuache kelele, ati mchezaji wa ukweli ni Kayange. Mazee, hiyo siwezi kukujibu kwa mistari miwili, ndio maana unaona barua ndefu hivi, na tafadhali usianze kunijibu kabla hujafika mwisho, nakujua.

Kuna yale ambayo hata wewe hubishi. Injera alifunga trai 279 kwa yale mashindano ya dunia ya raga ya wachezaji saba. Trai, yaani kuuweka mpira chini ng'ambo ya laini yao, ni pointi 5, piga hesabu mwenyewe, ni 1,395, na hapo mikwaju ya kuongeza pointi baada ya trai bado sijaiweka. Mwezi wa Mei 2016 pale London alimpita Santiago Gómez Cora wa Argentina aliyekuwa amekaa juu na trai 230, akawa nambari moja duniani. Duniani, si Afrika Mashariki. Mtu wa Mwamba, timu ya pale Railway Club Nairobi, alikuwa juu ya kila Mfiji, kila mtu wa New Zealand, kila mtu wa Afrika Kusini aliyewahi kucheza hayo mashindano. Na hapo ndio unaniambia bahati?

Haya, tuje kwa huyo Mwingereza wako, Dan Norton. Ni kweli alimpita 2017 na akaenda zake mpaka 358, na mimi Norton simchukii, yule jamaa akipata nafasi ya mita mbili pembeni unaanza tu kujiandaa kwa mkwaju. Lakini angalia alikuwa anacheza wapi. Uingereza wachezaji wa saba walikuwa na kandarasi za kudumu, unaamka asubuhi kazi yako ni hiyo, gym, daktari, chakula, mshahara mwisho wa mwezi, mpaka 2020 wakati wa korona ndio shirikisho lao likafuta hizo kandarasi. Huku kwetu unajua hadithi. Wewe mwenyewe ndio ulinitumia ile picha ya Paris 2018, wachezaji wetu wameingia uwanjani wamefunika jina la mdhamini kwa jezi kwa sababu ya pesa ambazo hawakuwa wamelipwa. Sasa mtu afunge trai zaidi ya mia mbili kwa mazingira ya hivyo, halafu mwingine mwenye kila kitu aje ampite, wewe unaniambia wa kwanza hakuwa kitu?

Kuna kitu kingine watu wanasahau. Injera alianza kutajwa kabla hata dunia haijajua Kenya inacheza raga. Msimu wa 2008/09 ndio yeye alikuwa mfungaji bora wa trai wa dunia nzima, trai 42 kwa msimu mmoja, akiwa na miaka 22. Huo ndio msimu tuliingia fainali yetu ya kwanza kule Adelaide, Afrika Kusini wakatupiga 26-7, na ndio mwaka tulienda Kombe la Dunia la raga ya wachezaji saba kule Dubai tukamtoa Fiji robo fainali 26-7. Fiji bana! Halafu Argentina wakatumaliza nusu fainali na bado hiyo inaniuma, lakini kabla ya hapo nani alikuwa anatuhesabu? Tulikuwa wale watu wa kupigiwa makofi kwa sababu tunakimbia sana.

Unakumbuka yale mashindano ya Safari Sevens pale RFUEA, uwanja wa raga wa Nairobi, kabla hayajahamia kwa viwanja vikubwa? Tumebanana kwa ile kona upande wa Ngong Road na vumbi lote linatuingia. Mimi pale ndio nilimsoma Injera vizuri, maana kwa TV kamera inafuata mpira na huoni yule mtu hana mpira anafanya nini. Alikuwa anatembea. Kweli tena, anatembea tu huko pembeni kama mtu amechoka, mikono kiunoni, na yule wa kumkaba anaanza kumsahau kidogo kidogo, anasogea ndani kusaidia wenzake. Akisogea hatua mbili tu imeisha. Injera anaitisha mpira akiwa tayari ameshaanza kukimbia, anaupokea kwa kasi, na akimfikia yule wa mwisho hakimbilii laini ya pembeni vile mawinga wengi hufanya, anapunguza kidogo, jamaa anasimama kujipanga amwangushe, na hapo ndio anafungua gia na mkono mmoja umemshika jamaa kifuani. Nimeona mabeki wazuri sana wakibaki wameshika hewa. Kwa hivyo ukisema mbio, sawa, mbio alikuwa nazo, lakini kulikuwa na wenye mbio kumshinda hata ndani ya timu yetu. Yeye alikuwa anajua wakati.

Na Singapore? Naomba tukae hapa kidogo. Aprili 2016, Jumapili, fainali Kenya na Fiji. Miaka yote tulikuwa hatujawahi kubeba kombe la duru yoyote ya hayo mashindano ya dunia, tulikuwa tumeshapoteza hiyo ya Adelaide na ile ya Wellington 2013 ambayo Uingereza walitupiga 24-19 kwa muda wa ziada, na kila mtu alikuwa anasema haya basi, nafasi ya pili tena, si mbaya. Tukawapiga 30-7. Thelathini kwa saba! Injera akafunga mbili na akachaguliwa mchezaji bora wa fainali. Na ujue hao Fiji hawakuwa Fiji wa kuokota, ndio hao hao walioenda Rio miezi minne baadaye wakawatandika Waingereza 43-7 wakabeba dhahabu, medali ya kwanza kabisa ya Olimpiki kwa nchi yao. Sisi tulikuwa tumeshawaonyesha.

Rio yenyewe sitaki kuiongelea sana. Tulimaliza wa 11. Hao ndio mabingwa wa Singapore, na Injera na Kayange wote wako ndani. Hebu tuipite.

Mtu ambaye hatumtaji vya kutosha kwa hii kesi yetu ni Benjamin Ayimba. Singapore ilikuwa kazi yake kama kocha, na hata ile timu ya 2009 iliyofika nusu fainali Dubai ilikuwa yake, na kabla ya hapo alikuwa nahodha wa Kenya mwenyewe. Malaria ilimpanda kichwani ikamuua Mei 2021, mtu wa miaka 44, na wakati alikuwa amelazwa tulikuwa tunaona watu wakichangisha bili ya hospitali mtandaoni. Kocha aliyetuletea kombe la kwanza. Mimi nikisikia mtu anasema Injera alikuwa na bahati huwa nafikiria mambo kama hayo, nakasirika kuliko inavyofaa, kwa hivyo nikikuonea kidogo kwa hii barua ujue hasira si zako.

Sasa Kayange wako. Sikatai, mimi si mjinga. Ni kaka yake mkubwa, na hata yule mdogo wao Agevi alivaa jezi ya Kenya, yaani mama mmoja ametoa wachezaji watatu, hiyo peke yake ingetosha. Kayange alikuwa anaruka juu kuchukua mpira wa kuanzisha na hapo ndio trai nyingi za Injera zilikuwa zinazaliwa, hii nakupa bure kabisa. Kwa raga ya saba ukishafunga wewe ndio unapiga mpira wa kuanzisha, sasa ukiwa na mtu mrefu anayeweza kuurudisha huo mpira kwako, wale wengine wanaweza kukaa dakika tatu nzima hawajaugusa, na mechi ni dakika 14 tu. Nusu ya kazi ya Injera ilifanywa hewani na ndugu yake. Nimesema, na uweke kumbukumbu kwamba nimesema.

Lakini swali letu lilikuwa mchezaji bora, si mtu bora. Uongozi Kayange anachukua, nidhamu anachukua, kuongea na wazungu kwa mikutano anachukua, na tangu 2021 ni mwanachama wa kamati ya Olimpiki ya kimataifa, hiyo ni heshima na mimi nilifurahi kama wewe. Ila ukiniambia zimebaki dakika mbili, tuko nyuma kwa pointi nne, mpira uko kwetu mita 40 kutoka laini ya trai, unataka umfikie nani? Jibu hilo bila kuzunguka. Mimi nataka umfikie yule anayetembea huko pembeni mikono kiunoni.

Na bado naona tuliishi na huyo mtu tukamzoea haraka sana. Akifunga tunasema si ni kawaida yake. Timu ya Kenya iliposhuka daraja kwa mashindano ya dunia 2023, pale Canada walipotupiga 12-7 London, ndio nikaanza kuhesabu ni mechi ngapi za hivyo alikuwa anatuokoa nazo na sisi tunalalamika ati amezeeka. Tulirudi 2024, sawa, na vijana wa sasa nawapenda, kuna wenye mbio za kutisha, lakini sijaona wa kumlaza beki usingizi vile.

Basi lete utetezi wako, uandike kwa urefu kama mimi, usinitumie emoji. Ila sheria ni moja tu, usiniletee ile ya Kayange kuwa na digrii mbili za kemia, kwa sababu kila mara ukishindwa hoja ndio unakimbilia huko na digrii haifungi trai.

Wasalimie wote hapo nyumbani,
wako yule wa kona ya vumbi