Mwanangu, usisaini Jumamosi

Mwanangu,

Asalam aleikum. Huku wazima, bibi yako miguu bado inamsumbua ila anakula vizuri. Mdogo wako ndo kaniambia hao watu wa kipindi cha vichekesho wamekuita uende Jumamosi kusaini mkataba wa mwaka mzima, na kumbe umeshawakubalia kwenye simu. Mwaka mzima mama, na karatasi yenyewe hujaiona! Nimekupigia hupokei, naona uko lokesheni, basi nakuandikia, soma yote usiruke.

Usisaini Jumamosi. Omba karatasi uondoke nayo, ulale nayo hapo kwa mama mdogo wako Mbagala, usome na mtu. Anayekupa kazi ya halali haogopi mkataba wake kusomwa, na akikwambia ni leo leo la sivyo nafasi anapewa mwingine, mwache ampe huyo mwingine.

Najua utasema mama kaanza tena habari za Mzee Majuto. Ndio nimeanza, maana nyie mnamjulia kwenye klipu za simu, mnacheka mnapita. Yule jina lake Amri Athumani, ni mtoto wa hapa hapa Tanga, kazaliwa 1948, akaanza kuigiza 1958 yuko miaka tisa kumi hivi, mtoto kabisa. Hesabu mwenyewe mpaka 2018 alipofariki, ni miaka sitini mtu anachekesha watu. Ameanzia jukwaani, zikaja kanda za video, zikaja sidii, zikaja matangazo ya biashara, kila kilichokuja yeye yumo. Watu wakamwita King na hakuna aliyebisha, hata hao wachekeshaji wenzake.

Na kipaji chake hakikuwa cha kupiga kelele. Hapo ndo nataka uangalie vizuri, maana we siku hizi nakuona unapayuka sana. Mzee alikuwa anaingia tu kwenye fremu, hajasema neno, watu washaanza. Anaangalia pembeni, anavuta shati, anataka kukimbia na anajikaza asionekane mwoga, halafu anatoa lile neno lake kwa Kiswahili chetu cha Tanga, taratibu, kama anaongea na jirani barazani. Yule mzee bahili, mzee mwongo, mzee anayependa wasichana halafu mkewe akitokea anajificha, kila mtaa unaye, ndo maana hata mtoto mdogo alimwelewa. Kile kibibi chako kikali unachoigiza nacho kizuri, nimekiangalia mara nyingi, ile ya kuhesabu vipande vya nyama kwenye sufuria mbele ya wageni ndo bora kuliko zote, ila ile mpya ya kuanguka anguka siipendi. Ukimya wako unachekesha zaidi. Na shangazi yako kajitambua humo kwenye kibibi, ujue, kanuna kidogo ila klipu anawaonyesha watu wote sokoni.

Sasa mtu kama huyo, nchi nzima inamjua, mpaka Kenya wanamjua, kaja kuugua. Mwaka 2018 akapelekwa India kutibiwa, akarudi, hali ikawa mbaya tena, akafariki Muhimbili tarehe 8 Agosti. Na akiwa mgonjwa hivyo ndo yakaanza kutoka hadharani maneno ya mikataba yake, kazi kafanya, sura yake imetumika, pesa haifanani na kazi. Mpaka Waziri Mwakyembe, ndo alikuwa waziri wa habari na sanaa kipindi kile, akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Mama, waziri! Mpaka serikali ikae chini ndo karatasi ya mtu isomwe, na mwenyewe yuko kitandani. Hicho ndo kinaninyima usingizi. Ningependa karatasi yako isomwe sasa hivi una nguvu zako na miguu yako, unaweza ukasimama ukaondoka.

Wala si yeye peke yake. Mzee Small, Said Ngamba, hakuna nyumba yenye tivii isiyomjua, kapigwa na kiharusi akakaa nacho mpaka akafariki Muhimbili Juni 2014. Sisemi kiharusi kinaletwa na mkataba, nasema mchekeshaji akiugua watu wanabaki kushangaa, ah kumbe hana kitu, mbona tulikuwa tunamwona kila siku? Wanadhani kuonekana ndo kulipwa. Mchekeshaji anapendwa kama ndugu na hapo ndo anapoumizwa, maana ndugu halipwi, ndugu anaombwa. Njoo kwenye harusi yangu utuchekeshe kidogo, njoo utupigie tangazo dogo la dakika moja, si wewe ni wetu bwana. Na we mwanangu hujui kukataa, umetoka hivyo tangu mdogo, na huko kutokataa kuna mtu kakufundisha humu ndani, tusiongelee hilo.

Uliza wenyewe wa zamani wakwambie zile filamu za vichekesho zilivyokuwa. Mtu anaitwa, skripti ya maana hamna, anaambiwa tu wewe ni mzee wa nyumba, huyu mpangaji, haya anzeni, maneno anatoa kichwani mwake, siku chache kazi imeisha. Anapewa pesa yake mkononi mara moja, basi. Ile kanda ikiuzwa mia, ikiuzwa laki, yeye hayumo tena, na leo hao hao wako YouTube, kila mtu kapandisha anapopataka, watazamaji wengi, matangazo yanapita juu ya sura ya marehemu. Na maneno yalikuwa yake! We pia vichekesho vyako unavitoa kichwani, huandikiwi na mtu, kwa hiyo we ni mwigizaji na mwandishi humo humo, uwaulize hao jamaa kama hilo la uandishi wameliweka. Na kile kibibi kikali ni cha nani ukishasaini? Ukiondoka baada ya mwaka unaondoka nacho au kinabaki kwao, wanamvalisha mwingine kanga na miwani anaendelea? Hilo waulize kabla ya hela. Kama mkataba unasema ni chao, basi umewauzia hicho kibibi na hutaweza kukirudisha.

Halafu waulize matangazo. Kampuni ikija inataka uso wako, tangazo linaisha lini? Linaonyeshwa wapi, Tanzania tu au na nje? Wakilibandika kwenye bango la barabarani wanalipa tena au ndo bure? Na kama umesaini na hao, unaruhusiwa kufanya kazi na wengine au umefungwa mwaka mzima unasubiri wakuite? Kodi nani anakata? Wakisema watakupa asilimia, asilimia ya nini, ya kilichoingia au ya kilichobaki baada ya wao kutoa gharama zao, maana gharama zao huzioni. Mtoto wa mzee jirani yetu anayefanya kazi mahakamani kasema atausoma bila hela, we tuma tu.

Na bima ya afya mama. Usicheke. Pesa ya kwanza ikiingia, kabla ya simu mpya, kabla ya nywele, ukate bima. Najua una miaka ishirini na kitu na huumwi.

Nisieleweke nakukataza. Ulipoacha chuo cha uuguzi nilisema maneno mbele ya mjomba wako, na mjomba wako bado anayarudia kila akija, mi nikimsikia nabadilisha mada. Sijafurahi uliacha, hilo nakwambia wazi, ungemaliza ungekuwa na cheti ndani ndo uchekeshe. Lakini juzi nimepanda bajaji kutoka Ngamiani, dereva kijana ana simu mbele yake anakuangalia wewe, anacheka mpaka anasimamisha bajaji, sikumwambia kama ni mwanangu. Nilishindwa kuongea. Nikampa hela yake nikashuka kabla ya kufika.

Lingine, usafiri. Ukija Idd njoo na basi la asubuhi. Usije na gari za watu usiku hata kama ni za hao wa kipindi na wanasema wanakuja huku huku. Sharo Milionea alikuwa mtoto wa Muheza, kaigiza na Mzee Majuto mwenyewe, jina ndo limepamba moto, Novemba 2012 anatoka Dar anarudi nyumbani usiku na gari yake ikapata ajali akafa hapo hapo Muheza, karibu kabisa na kwao. Kila nikipita pale namuwaza mama yake. Basi la asubuhi, ushuke Kange mchana, mdogo wako akupokee.

Paa la jikoni fundi kaja kaangalia, kasema bati nne zimeoza si mbili, kwa hiyo ile hela uliyotuma haikutosha ila usitume nyingine mpaka nikwambie, kuna hela ya kikoba inatoka mwezi ujao. Kuku wale wameanza kutaga. Kabati lako nimempa mdogo wako atumie, nguo zako ziko kwenye sanduku chini ya kitanda cha bibi, ile kanga ya zamani ya bibi unayoitaka kwa ajili ya kibibi chako nimeifua, anasema uichukue ila usiikate. Machungwa ya Muheza yapo mengi saivi, nitampa mtu wa basi kiroba umgawie na mama mdogo wako, mwambie asante kwa kukuweka na asikuachie vyombo usiku kucha, na we uvioshe.

Nirudi kwenye hilo. Kama unaona aibu kuwaambia hao jamaa unataka kwenda nayo nyumbani, sema mama yako kakataa, nitupie mimi lawama, waniseme mimi huku Tanga sijali. Mwambie produza akitaka anipigie, namba yangu mpe. Halafu nitumie picha za mkataba kabla ya Alhamisi jioni, yule kijana wa mahakamani Ijumaa hayupo. Kurasa zote, mama, usinitumie ule wa mwisho wa sahihi peke yake.

Mama yako