Risala ya Wakulima wa Mpunga wa Delta ya Rufiji kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Mikoko

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, viongozi wa kijiji, wazee wetu, ndugu wananchi,

Tunakushukuru kwa kupanda mashua ukatufuata huku, maana kwetu barabara ni mto, na safari hupangwa kwa kutazama maji kujaa na kupwa.

Mheshimiwa, ardhi unayoikanyaga imeletwa na Mto Rufiji. Ni tope la bara lililosukumwa hadi baharini, mkabala na Mafia, likakatwakatwa na matawi kama Simba Uranga na Kiomboni. Juu yake umeota msitu wa mikoko mkubwa kuliko yote Afrika Mashariki, na tangu 2004 ni sehemu ya ardhioevu ya Rufiji, Mafia na Kilwa iliyo chini ya Ramsar, mkataba wa kimataifa wa kulinda ardhioevu.

Masika mto ukifura, bahari inayojaa huyarudisha nyuma maji matamu, yakapanda mashambani. Hiyo ndiyo mifereji yetu, mingine hatuna. Mto ukipungua, chumvi huingia. Kwa hiyo kabla ya kupandikiza, mama zetu huchota maji kwa kiganja wakayaonja. Ulimi ukikataa, miche hubaki kitaluni kungoja mvua. Ikishapandikizwa, kaa nao wapo: usiku mmoja tu hukata miche usawa wa tope, asubuhi unakuta majani yanaelea. Ndege na nguruwe tunawalinda juu ya dungu hadi mavuno.

Tunakiri mbele yako kwamba mengi ya mashamba haya yalikuwa mikoko. Tulifuata penye misikundazi, kwa kuwa aina hiyo ya mkoko huota palipo maji matamu. Baada ya miaka michache magugu yalizidi, mavuno yakashuka, shoka likasogea mbele. Sisi wanakikundi tumeacha kukata, na mashamba yaliyotelekezwa tunayarudishia mikoko. Lakini jirani mwenye njaa hatuwezi kumzuia kwa maneno matupu.

Kwa hiyo tunaomba kipimo cha chumvi, mbegu ya mpunga inayoistahimili, na afisa kilimo wa kutufundisha kulima shamba lilelile kwa muda mrefu. Zaidi ya yote, taarifa za maji yanayofunguliwa Bwawa la Julius Nyerere, huko juu ya mto wetu, zitufikie mapema kwa simu, kwani kwazo tutajua siku ya kupandikiza.

Maji yameanza kupwa, Mheshimiwa. Miche ya mikoko iko kwenye ndoo pale gatini. Karibu ushuke nasi topeni.