Kastadi ya sukari ya kuungua: mmesahau maji

Mhariri,

Ukurasa wenu wa mapishi wa Jumapili umenigharimu mayai sita. Mliandika kastadi ile ya Kifaransa, krem brule, iingizwe kwenye oveni nyuzi 180, basi. Yangu ikakatika mabonge na kutoa maji pembeni. Mume wangu akauliza chapati iko wapi atengeneze roleksi, yaani mayai ya kukaanga yaliyoviringishwa ndani ya chapati.

Mara ya pili nilifuata akili yangu. Viini vitano kwa nusu lita ya krimu, ganda moja la vanila ya Mukono, nyuzi 150. Vibakuli nikavipanga kwenye trei na kumimina maji ya moto hadi nusu ya kimo chake. Maji hayapiti nyuzi 100, kwa hiyo mayai hayashtuki. Nilivitoa katikati kungali kunatikisika, vikalala kwenye friji.

Na hiyo tochi ya gesi mnayosema ni lazima kwa kuunguza sukari inayonyunyizwa juu, hapa Walukuba anayo nani? Niliweka kijiko kikubwa cha chuma kwenye makaa ya sigiri mpaka kikawa chekundu, nikakigusisha kwenye sukari. Moshi ulijaa jikoni, nikakohoa kweli, lakini sukari iliyeyuka, ikawa kahawia, ikaganda kama kioo.

Tafadhali chapisheni sahihisho.

Msomaji wenu,
Walukuba, Jinja