Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Elimu, Kaunti ya Nakuru: Tusome kosa la mtoto kabla ya kulikata alama

Mheshimiwa Mkurugenzi,

Nakuandikia kuhusu insha za watoto wa Nakuru, na hasa alama tunazowapokonya kwa makosa ya hijai, yaani ya tahajia. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili katika shule ya msingi, na jambo hili linaniuma.

Muhula uliopita ilinifikia insha ya mtoto anayeishi upande wa Mwariki, kule ambako Ziwa Nakuru lilifurika likameza nyumba za watu. Aliandika hivi: "Machi yaliingia chikoni usiku. Papa alipepa kotoro, mama akapanda kitandani na mtoto." Aliyeisahihisha kwanza alikuwa amejaza duara nyekundu ukurasa mzima, kisha akaandika chini: "Mvivu."

Mtoto huyu si mvivu hata kidogo. Kwao huzungumzwa Kibukusu, na katika Kibukusu sauti za b, d, g na j kama tunazozitamka katika Kiswahili hupatikana zinapotanguliwa na m au n tu. Hebu rudia sentensi zake. Maji, jikoni, baba, alibeba na godoro amezikosea zote, lakini yaliingia, akapanda na kitandani ziko sawasawa. Ameifuata kanuni ya lugha ya kwao bila kuteleza mahali popote. Na kisa chenyewe, cha familia kuokoa godoro gizani, nani alikisoma?

Darasa hilohilo lina mtoto wa Kikuyu anayeandika "mahari" akikusudia mahali, kwa sababu Kikuyu hakina l. Mjaluo huandika "sule" na "sawadi", maana lugha yake haina sh wala z. Mkalenjin naye hutatizwa na p na b, t na d, k na g, kwa kuwa lugha yake haizitenganishi. Kila mmoja ana chanzo chake cha kosa, na sisi tunawapa wote dawa moja, kalamu nyekundu.

Hali hii si ngeni hapa. Reli ilifika Nakuru mwaka 1900, mashamba ya walowezi yakafuata, na vibarua wakaja kutoka kila upande na lugha zao. Mwaka 2021 tulipopewa hadhi ya jiji, Kaptembwo, Rhonda na Bondeni zilikuwa tayari mitaa ya lugha nyingi, na Sheng juu yake. Sera inataka madarasa ya chini yafundishwe kwa lugha ya eneo la shule, nayo mijini huwa Kiswahili. Nakubaliana nayo. Ila tunafundisha kana kwamba kila mtoto amelelewa Mvita, kule Mombasa, kwa Waswahili wenyewe. Katiba ya 2010, Ibara ya 7, inaitaka Serikali iendeleze na kulinda wingi wa lugha za wananchi, na kwangu kazi hiyo inaanzia kwenye daftari la insha.

Mheshimiwa, naomba semina ya walimu wa kanda zetu, siku moja inatosha kwa kuanzia, tufundishwe mifumo ya sauti ya lugha zinazozungumzwa na watoto wetu. Wapo wasomi wa isimu katika Chuo Kikuu cha Egerton, Njoro, hawako mbali. Vitabu tayari vina mazoezi ya vitate, yaani maneno yanayokaribiana kwa sauti. Shida ni kwamba hayamtazami mtoto ni nani. Mwalimu akijua, atampa Mbukusu toa na doa, Mjaluo suka na shuka, wala hatapoteza kipindi kizima kwa zoezi ambalo nusu ya darasa hawalihitaji.

Na mtihani wa pamoja unapoandaliwa, mwongozo wa kusahihisha ubadilishwe. Wasahihishaji tumezoea kutoadhibu neno lilelile mara mbili. Desturi hiyo ifikishwe kwenye sauti: mtoto aliyeandika p badala ya b katika maneno kumi ahesabiwe kosa moja, na maudhui yatuzwe kabla ya hijai kuguswa. Vinginevyo mtoto hujifunza kuandika sentensi fupifupi zisizo na hatari, na hizo tunazo tele.

Walimu wenzangu kadhaa wako tayari kuleta madaftari yenye mifano ya aina hii ofisini kwako. Tutakuja siku utakayotuitia, ikiwezekana kabla ya mwongozo wa mtihani wa muhula ujao kuchapishwa.

Wako mtiifu,
Mwalimu wa Kiswahili, Nakuru