Zuio ninalo, askari sina

Mhariri,

Ile habari yenu ya bwana aliyeiomba mahkama iamuru polisi wamlinde katika ugomvi wa nyumba na jirani yake, mmeiandika kama kichekesho. Nalisoma gazeti lenu miaka na sijawahi kukuandikieni, lakini hili limenikera. Kwani mlitaka aende wapi?

Msimu uliopita mtoto wa ami yangu aliingia na wachumaji wa karafuu katika eka tatu alizopewa marehemu baba baada ya Mapinduzi. Zuio la mahkama la kumkataza asiingie ninalo, lina muhuri, limetaja mipaka mpaka ule mfenesi wa kusini. Nikalipeleka kituoni. Askari wa zamu akalisoma taratibu, akalikunja, akanirudishia. "Bibi, hilo ni la madai, sisi kazi yetu jinai. Rudi mahkamani." Nikamwambia wana mapanga, na mmoja wao kamwambia mwanangu kuwa hatoliona jua likitua. Akaniuliza, "Kuna aliyekatwa?" Kumbe ningoje mtu akatwe ndipo kesi yetu ipande cheo! Karani wa mahkama naye ananiambia hakimu kashatia saini, kazi yake imekwisha. Aliyekaidi amri nimfungulie shauri jengine. Shauri lina subira, karafuu haina: ikishachanua mtini haina bei tena, haijui tarehe ya kesi. Walichuma mpaka Alasiri, wakapima pishi zao pale pale chini ya miti, wakalipana nami nawatazama, wakaniachia matawi yaliyovunjika.

Polisi wasiamue shamba la nani, hilo nakubali, hiyo ni kazi ya Mahkama ya Ardhi. Lakini kumtishia mtu roho yake ni jinai hata kama mtishaji ni ndugu yako, na hakimu ana uwezo wa kumfungisha mtu dhamana ya kutunza amani kabla damu haijamwagika. Mbona hayo hamkuyaandika? Jeshi la Polisi ni la Muungano, mahkama ni zetu wenyewe Zanzibar, basi kila mmoja anamtupia mwenziwe na sisi tumo katikati.

Na hiyo barua ya sheha, kiongozi wa serikali wa shehia yetu! Kila mlango ninaobisha, "barua ya sheha iko wapi?" Sheha mwenyewe shemeji yake huyo huyo ninayemshitaki. Haya, tuyaache.

Mimi nasema hivi: kila zuio liwekewe mstari chini, mkuu wa kituo atie saini na saa aliyolipokea. Nakala ibandikwe mlangoni kwa sheha, nyengine msikitini siku ya Ijumaa, watu walisome wakitoka. Hakimu aandike humo humo askari wangapi waende na wakae mpaka saa ngapi. Wakisema hawana watu, wale wawili wanaosimamisha bodaboda njia panda kutwa nzima wanatosha. Kutoka pale mpaka shambani kwangu hata jasho hawatotoka.

Mwenye eka tatu,
Wete, Pemba